Kokteli ya Tikiti Isiyohitaji Maji wala Sukari

Kuanzia Septemba hadi mvua za mwisho wa mwaka zinapoanza, Songea huwa na jua kali na hewa kavu, na mtu anayerudi nyumbani Bombambili saa nane mchana hutamani kitu cha baridi kabla hata hajaketi. Tikiti maji linafaa sana kwa saa hiyo. Hata hivyo, juisi ya tikiti inayotengenezwa katika nyumba nyingi huishia kuwa maji ya rangi ya waridi yenye utamu wa sukari, ambayo mtu hunywa glasi moja kwa adabu na haombi ya pili. Lawama huangukia tunda, kwamba halikuiva vizuri, au blenda, kwamba haisagi sawasawa. Mwongozo huu unashikilia kwamba lawama hizo zinakwenda pasipostahili. Kinachoharibu kinywaji ni maji na sukari tunavyoongeza, kwa sababu tikiti lina vyote viwili tayari. Linachokosa ni vitu vitatu: ukali wa ndimu, chumvi kidogo sana na ubaridi. Ukilipa hivyo, utapata kokteli ya kumkaribishia mgeni yeyote, mzee au mtoto, bila kilevi na kwa gharama ndogo.

Tuanze na hesabu, maana hoja yenyewe imesimama hapo. Katika kila gramu 100 za nyama ya tikiti lililoiva, gramu 91 hivi ni maji na gramu 6 hivi ni sukari ya tunda lenyewe. Kilo moja ya nyama hiyo, kwa hiyo, ina sukari ya gramu 60 hivi. Ukiimiminia nusu lita ya maji, kama wengi wafanyavyo ili blenda izunguke, sukari ileile inasambaa katika kilo moja na nusu, na utamu unashuka kutoka sehemu 6 kwa mia hadi 4. Ulimi unalitambua hilo mara moja, ndipo mkono unapokwenda kwenye kopo la sukari. Ili kurudisha utamu ulipokuwa unahitaji gramu 30 hivi, yaani vijiko viwili vya mezani na ushee. Sukari hiyo haijaongeza kitu. Imeziba tu pengo lililofanywa na maji. Harufu ya tunda, ambayo nayo ilipunguzwa na maji, haina kijiko cha kuirudishia. Umetumia sukari, umetumia maji, na umebaki na kinywaji dhaifu kuliko tunda ulilonunua.

Mazoea haya yana chanzo chake, na chanzo hicho hakina kosa lolote. Juisi tulizokua nazo ni za ukwaju, ubuyu, pasheni na ndimu, na zote zinadai maji na sukari. Ukwaju hauwezi kunyweka bila maji. Pasheni ni kali na nzito kiasi kwamba matunda machache hutosha jagi zima. Aliyejifunza kutengeneza juisi kwa matunda hayo amejifunza kanuni sahihi: kamua, ongeza maji, tia sukari, chuja. Tatizo linaanza kanuni hiyo inapohamishiwa kwenye tunda la tabia tofauti kabisa. Tikiti ni tunda lisilo na uchachu wa kutosha. Kwa kipimo cha pH, ambacho namba yake hushuka kadiri kitu kinavyokuwa kichachu, tikiti liko juu kidogo ya 5, wakati maji ya ndimu yako karibu na 2. Utamu usio na uchachu wa kuuinua hulala ulimini, ndiyo maana juisi ya tikiti huonekana imepooza hata ikiwa tamu. Ukiongeza sukari unaongeza kile kilichokuwapo tayari, na upungufu unabaki palepale.

Chumvi huwashtua watu zaidi, lakini ushahidi wake uko mtaani. Anayeuza embe mbichi zilizokatwa huziuza na chumvi na pilipili, na wateja wanajua kwamba bila chumvi embe lile ni uchachu mtupu. Chumvi kidogo hupunguza uchungu na ukakasi, na vikipungua hivyo utamu uliokuwa umefichwa hujitokeza. Kwenye tikiti kazi ni hiyohiyo, ila kiasi ni kidogo sana: mnywaji asiitambue kabisa. Akiuliza kama umetia chumvi, umeshazidisha.

Kuchagua tikiti sokoni

Kwa kuwa hatutii sukari, tunda ndilo litakalobeba utamu wote, na hapo uchaguzi wa sokoni unakuwa na uzito kuliko hatua yoyote ya jikoni. Jambo la kwanza la kujua ni kwamba tikiti haliendelei kuwa tamu likishachumwa. Ndizi na parachichi hununuliwa mbichi zikaivia ndani. Tikiti lililochumwa changa litabaki changa hata ukilihifadhi wiki nzima. Mwambie muuzaji, "Dada, nigeuzie hili nione chini," kisha tazama mahali lilipolalia shambani. Doa hilo likiwa jeupe au la kijani hafifu, tunda liliwahi kuondolewa. Likiwa na rangi ya njano iliyokolea, kama siagi, lilikaa kwenye mmea hadi likakomaa. Lishike mkononi na ulilinganishe na jingine la ukubwa uleule. Chukua lililo zito, kwa sababu uzito huo ni maji ya tunda. Ganda lenye kung'aa sana mara nyingi ni la tunda ambalo bado lilikuwa linakua, na ganda lililofifia kidogo ni dalili nzuri. Kulipiga kwa kidole ili kusikiliza mlio kunamsaidia mwenye uzoefu, lakini anayeanza atadanganyika kwa urahisi kuliko akiangalia doa la chini.

Aina nazo zinatofautiana. Matikiti madogo ya mviringo yenye ganda la kijani kibichi kilichokolea, yaitwayo Sugar Baby, yanafaa familia ndogo kwa sababu huisha siku hiyohiyo. Yale makubwa yenye michirizi, kama Crimson Sweet, yanafaa shughuli yenye watu wengi. Majira pia yana neno. Mvua nyingi au umwagiliaji mwingi karibu na kuvuna hulijaza tunda maji na kupunguza utamu wake, kwa hiyo tikiti la kiangazi kwa kawaida hulishinda la masika. Ukinunua wakati wa mvua, tegemea utamu hafifu na upunguze ndimu kwa nusu, ili uchachu usilizidi nguvu tunda.

Nunua tikiti zima. Vipande vilivyokatwa na kupangwa kwenye sinia vinavutia, lakini uchache ule wa uchachu unaoifanya juisi ipooze unayafanya pia mazingira kuwa mazuri kwa vijidudu. Tunda chachu hujilinda kidogo. Tikiti lililokatwa na kuachwa juani halina kinga hiyo. Mwaka 2011 nchini Marekani, matikiti ya jamii ya kantalupe yaliyotoka katika shamba moja la jimbo la Colorado yalibeba bakteria aina ya listeria, na watu 33 walipoteza maisha. Hatari katika matunda ya jamii hii huanzia mara nyingi kwenye ganda: kisu kinapopita kinasukuma uchafu wa nje hadi ndani. Osha ganda kwa maji safi na brashi au kitambaa cha kusugulia kabla ya kukata, osha kisu na ubao, na osha mikono. Hatua hii huchukua dakika tatu, na haina mbadala.

Kutengeneza

Kwa tikiti la kilo 3 utapata nyama ya kilo 2 hivi, inayotosha glasi nane za mililita 200. Mahitaji mengine ni ndimu nne zenye maji, kipande cha tangawizi mbichi cha ukubwa wa kidole gumba, chumvi isiyozidi robo ya kijiko cha chai, na majani machache ya nanaa ukiyapata. Tangawizi si shida kwa mkazi wa Ruvuma, kwani Madaba, katika mkoa huuhuu, ni eneo linalolima zao hilo. Kazi yake katika kokteli hii ni kuacha joto dogo kooni baada ya ubaridi kupita, ili kinywaji kisikike kwa muda mrefu zaidi ya sekunde ya kumeza.

Kata nyama ya tikiti vipande vya ukubwa wa kete za sabuni na utoe mbegu nyeusi kadiri uwezavyo. Tenga robo ya vipande hivyo, vipange kwenye trei visigusane, na uviweke kwenye friza kwa saa nne au usiku mzima. Hivyo ndivyo vitakavyokuwa barafu yako, na nitaeleza sababu hapo mbele. Vilivyobaki visage kwenye blenda bila tone la maji. Anza na vipande vichache, uvikandamize kwa mwiko blenda ikiwa imezimwa, kisha washa kwa kushtua mara fupifupi. Vikishatoa maji yake, vingine vitazunguka vyenyewe. Usisage muda mrefu. Mbegu zilizosalia zikipasuka hutoa ladha ya uchungu na unga unaokwaruza ulimi, na hewa inayoingia hutengeneza povu zito. Sekunde 20 zinatosha. Asiye na blenda hakosi kitu: nyama ya tikiti ni laini, hupondeka kwa mwiko au kwa mchi ndani ya sufuria, na mbegu hubaki nzima, jambo ambalo ni faida.

Chuja kwa chujio la matundu ya wastani, si la kitambaa. Kitambaa huondoa nyuzinyuzi zote na kukuachia maji mepesi, wakati tunachotaka ni juisi yenye mwili kidogo. Twanga tangawizi, ikamue ndani ya juisi na utupe makapi. Kisha kamua ndimu, lakini usiimimine yote kwa pamoja: tia maji ya ndimu mbili, koroga, onja, tia ya tatu, onja, ya nne itie kama tunda ni tamu sana. Utajua umefika pale mate yanapojaa pembeni mwa ulimi na utamu wa tikiti ukawa bado ndio unaotangulia. Mwisho kabisa tia chumvi, kwa kuokota na ncha za vidole viwili, ukikoroga na kuonja kila mara. Mpangilio huu una sababu yake: ukitia chumvi kabla ya ndimu hutaweza kupima ipi kati ya hizo imefanya kazi, na chumvi ikizidi hakuna namna ya kuitoa.

Gawa vipande vilivyoganda kwenye glasi, mimina juisi juu yake, pasua majani ya nanaa kwa kuyapiga mara moja kati ya viganja ili yatoe harufu, kisha yaweke juu. Juisi ya tikiti hujitenga ikitulia: rangi nyekundu hukusanyika upande mmoja na maji upande mwingine. Hilo si dalili ya kuharibika. Koroga na uendelee kunywa.

Ubaridi bila kupunguza ladha

Barafu ya kawaida ni maji. Ukiwa umekataa kutia maji jikoni kisha ukajaza glasi vipande vinne vya barafu, utakuwa umeyaleta maji yaleyale kwa mlango wa nyuma, na nusu ya mwisho ya glasi itakuwa imepooza. Kipande cha tikiti kilichoganda hufanya kazi ya kupoza, na kikiyeyuka huongeza tikiti. Faida ya pili ni ya afya. Barafu inayonunuliwa hujui imetengenezwa kwa maji gani, na kugandisha maji hakuui vijidudu vyote vilivyomo. Mlipuko wa kipindupindu ulioanzia Dar es Salaam Agosti 2015 ukasambaa katika mikoa mingi nchini ulitukumbusha tena kwamba ugonjwa huo hupita kwenye maji na vyakula visivyo salama. Kinywaji kisichoongezwa maji wala barafu ya nje kimeziba njia hiyo moja kwa moja, mradi tunda, vyombo na mikono viwe safi.

Songea iliingia kwenye gridi ya Taifa mwaka 2018 kupitia njia ya umeme ya kilovoti 220 kutoka Makambako, na friji zimekuwa na manufaa zaidi kuliko enzi za jenereta za dizeli. Bado zipo nyumba nyingi zisizo na friji, na ushauri huu unazihusu pia. Funga tikiti zima kwa nguo safi iliyoloweshwa, liweke kivulini mahali penye upepo juu ya sahani yenye maji kidogo, na uache pindo za nguo ziguse maji hayo. Maji yanapokauka kwenye nguo huchukua joto la tunda, kama mtungi wa udongo unavyopoza maji ya kunywa. Hewa kavu ya Septemba na Oktoba huharakisha ukaukaji huo, kwa hiyo njia hii hufanya kazi vizuri zaidi wakati uleule unapoihitaji. Songea iko zaidi ya mita 1,000 juu ya usawa wa bahari, na usiku wake huwa na ubaridi. Liache tikiti mahali salama penye hewa usiku kucha, ulihifadhi ndani kabla jua halijapanda, na mchana utakata tunda lenye ubaridi wa kutosha. Halitakuwa baridi kama la friji, na hilo si hasara kubwa: utamu husikika hafifu zaidi ulimini kitu kinapokuwa baridi mno.

Pingamizi na majibu yake

Wa kwanza atasema: bila maji juisi haitatosha wageni. Ni hoja ya haki, kwa sababu kumpungukia mgeni ni aibu. Jibu lake ni tango. Tango ni ndugu wa tikiti, sehemu 95 kwa mia ya uzito wake ni maji, lina harufu ya ubichi inayopatana na ndimu na tangawizi, na bei yake ni ndogo. Matango mawili makubwa yaliyomenywa na kusagwa pamoja na tikiti la kilo 3 huongeza nusu lita hivi. Utamu utapungua kidogo, lakini mahali pa harufu iliyopungua panaingia harufu nyingine. Sehemu nyeupe iliyo karibu na ganda nayo inasagika. Tumia kidogo, na iliyobaki wape mbuzi au nguruwe.

Wa pili atasema watoto wamezoea sukari na hawataikubali. Mazoea hayo ndiyo yanayostahili kupunguzwa. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 2015, lilishauri sukari iliyoongezwa pamoja na ile ya asali na juisi isizidi asilimia 10 ya nishati ya siku, ambayo kwa mtu mzima ni gramu 50 hivi, na likasema kushuka chini ya asilimia 5 kuna faida zaidi. Kwa watoto wadogo kiwango ni cha chini kuliko hicho. Wasipoipenda siku ya kwanza, punguza ndimu kwenye glasi zao na uondoe tangawizi, uone. Na mfuko wa mzazi nao una la kusema: mwanzoni mwa mwaka 2024 sukari ilipanda bei nchini kiasi cha Serikali kuweka bei elekezi. Kinywaji kisichoitegemea sukari hakitikiswi na bei yake.

Wa tatu ana pingamizi zito zaidi: mwenye kisukari afanyeje, ikiwa juisi yenyewe ina sukari ya tunda? Hapa lazima kusema ukweli wote. Kutotia sukari hakuifanyi juisi kuwa dawa wala kuwa maji. Glasi ya mililita 200 ina gramu 12 hivi za sukari, karibu vijiko vitatu vya chai, na juisi huingia mwilini haraka kuliko tunda linalotafunwa. Mwenye kisukari afuate maelekezo ya kliniki yake, na akitaka tikiti, kipande kidogo cha kutafuna chenye ndimu na chumvi kinamfaa kuliko jagi. Kwa wengine wote, glasi moja au mbili ni burudani. Jagi zima ni kupitiliza.

Wa nne atasema kokteli bila kilevi haijakamilika. Kwa watu wazima wanaokunywa, kipimo kimoja cha Konyagi, mililita 30, kwenye glasi ya mililita 200 kinakubaliana na tikiti, ndimu na tangawizi. Konyagi ina kilevi cha asilimia 35, na utamu wa tunda huuficha ukali huo, ndiyo hatari yenyewe: mtu hunywa glasi tatu akidhani ni juisi. Mimina kilevi kwenye glasi ya anayehitaji, kamwe si kwenye jagi, ili watoto na wasiokunywa wasije wakakinywa bila kujua. Tumia chupa iliyofungwa kutoka dukani, na ukae mbali na pombe kali isiyojulikana ilikotoka. Serikali ilipiga marufuku pombe ya viroba kuanzia Machi 1, 2017 kwa sababu urahisi wake ulikuwa umewafikia hata wanafunzi. Nyumba nayo iwe na marufuku yake.

Juisi iliyobaki iweke kwenye friji ndani ya chombo chenye mfuniko na uimalize ndani ya siku moja. Isiyo kwenye friji imalizwe ndani ya saa mbili. Ndimu huisaidia kidogo, lakini haiigeuzi kuwa kitu cha kuhifadhi.

Anayetilia shaka hoja ya mwongozo huu ana njia rahisi ya kuipima. Akate tikiti moja katikati. Nusu ya kwanza aitengeneze kwa maji na sukari kama alivyozoea, na nusu ya pili kwa ndimu, chumvi na vipande vilivyoganda. Amimine kwenye glasi zinazofanana, awape watu wa nyumbani bila kuwaambia ipi ni ipi, kisha awaulize swali moja tu: katika hizi mbili, ipi ina ladha ya tikiti zaidi? Tunda ni lilelile, la bei ileile, kutoka meza ileile ya sokoni. Tofauti yoyote watakayoisikia itakuwa imetokana na alichoongeza na alichoacha kuongeza.